Chichén Itzá na cenote kwa siku moja kutoka Cancún: pakeji ya hoteli au twende wenyewe?

BintiPangani

Wadau habari zenu, wakubwa shikamooni. Naomba ushauri kwa waliowahi kwenda Mexico upande wa Cancún. Niko Houston, mwezi wa 12 shule zikifunga tunaenda siku sita, mimi, wanangu wawili (11 na 7) na mama yangu mzazi aliyekuja kunitembelea toka mwezi wa tisa, ana miaka 67 na goti la kulia linamsumbua akipanda ngazi. Watoto wao shida yao bahari na bwawa la hoteli basi, mi ndo nataka magofu ya Wamaya, lile piramidi la Chichén Itzá nimelitamani toka niko sekondari, na nataka kuoga kwenye cenote, yale mashimo yenye maji ya bluu katikati ya mwamba mnayaona Instagramu.

Sasa hoteli wamenitumia pakeji, dola 79 kwa kichwa, mtoto bei ileile. Magofu, cenote moja, mji wa Valladolid, chakula cha mchana. Kutoka saa 1 asubuhi kurudi saa 2 usiku. Kwa watu wanne ni hela, lakini kinachonitisha zaidi ni hizo saa 13, mama ataweza kweli? Na kuna mtu kashawahi kwenda mwenyewe bila kampuni na Kihispania hajui?

Halafu mama naye ana lake. Nimemwonyesha picha za cenote akaniambia pango lenye maji lina wenyewe, haingii mtu hivihivi. Hapo nimekosa jibu.

Na la mwisho, ana pasi ya Tanzania na visa ya utalii ya Marekani, Mexico wanamruhusu?

Mzee_wa_Mchangani

Marahaba binti. Nianze na la mama: ukiwa na visa ya Marekani iliyo hai, Mexico hawakudai visa yao, mimi nilipita na ya Kanada hivyohivyo. Ila hakikisha visa yake ni ya kuingia mara nyingi, kuingia Mexico si kazi, kazi ni kurudi Houston.

Sasa hiyo pakeji. Ukipiga hesabu ya pesa utaona nafuu, piga hesabu ya masaa. Cancún mpaka Chichén Itzá ni kilomita kama 200. Basi la saa 1 haliondoki mjini saa 1, linaanza kuzunguka hoteli kuokota watu. Mtasimama njiani kwa choo na dukani, magofuni mnafika jua liko utosini, na uwanja ule hauna mti pale katikati, ni jiwe na nyasi, na mabasi yote ya Cancún na Playa del Carmen yamefika saa hiyohiyo. Utamwona mama yako anatafuta kivuli cha nguzo.

Nikupe siri moja ambayo hao wauza pakeji wa hotelini hawakwambii. Cancún iko jimbo la Quintana Roo, Chichén Itzá iko jimbo la Yucatán, na saa zao hazilingani, Yucatán iko nyuma saa moja. Kwa hiyo ukitoka Cancún saa 12 alfajiri, mwendo wa saa mbili na nusu, unafika saa zao ni saa 1 na nusu, geti linafunguliwa saa 2. Umewahi kabla ya kila mtu. Kurudi ndo unalipa hiyo saa, lakini kurudi si unasinzia tu.

Ila ningekuwa wewe ningelala Valladolid usiku mmoja. Ni kamji kazuri ka zamani, nyumba zimepakwa rangi, mnakaa uwanjani jioni mnakula aiskrimu kama Forodhani. Kutoka pale hadi magofuni ni kilomita 45 hivi. Mabasi ya ADO kutoka Cancún ni mazuri, yana AC mpaka baridi inaumiza, chukua shuka la mama. Toka mwishoni mwa 2023 kuna na treni, Tren Maya, ina kituo Valladolid na kingine Chichén Itzá, mi nilienda kabla haijaanza kwa hiyo sina la kusema juu yake.

Mwongozaji mchukue palepale getini, wenye leseni wanavaa kitambulisho shingoni, unachagua anayejua Kiingereza mnapatana bei ya kundi zima siyo ya kichwa. (Nilikuwa naandika gaidi nikakumbuka tuko mtandaoni.) Tiketi mimi mwaka 2023 nililipa peso 614, inakuwa na malipo mawili, ya serikali kuu na ya jimbo, na mara nyingi hiyo ndo haimo kwenye bei ya pakeji. Uliza kabla hujalipa. Na Jumapili usiende, wenyeji wanaingia bure, inakuwa kama sikukuu.

Waambie watoto mapema kabisa kwamba piramidi HALIPANDWI, miaka mingi sasa wamefunga, wasije wakaanza kulia pale. Wape kazi nyingine, wahesabu vidato: 91 kila upande, pande nne, jumlisha jukwaa la juu, inakuja 365. Halafu simameni mbele ya ngazi upande wa kaskazini mpige kofi moja, mwangwi unarudi kama ndege analia. Wanasema ni sauti ya quetzal, ndege wao mtakatifu. Mi nilicheka nikarudia mara kumi.

Nyambura_wa_Dallas

Jameni usichukue hiyo ya hoteli kabla hujasoma hii. Sisi tulinunua kwa kijana alikuwa na meza pale lobi, kampuni siitaji, na labda hata haiko tena. Tuliambiwa kila kitu kimelipiwa. Saa kumi na mbili na nusu asubuhi tumesimama nje ya hoteli, basi likakuja saa mbili kasoro, tukazungushwa hoteli nane, NANE, nilihesabu, kisha tukapelekwa kwa kituo kikubwa tukashuka tukapangwa upya kwa basi zingine na stika za rangi kwa nguo kama watoto wa chekechea. Hapo saa tatu imepita na hatujatoka Cancún.

Njiani yule mwongozaji akaanza kutuuzia vitu ndani ya gari, eti majina yetu yaandikwe kwa maandishi ya Kimaya kwa ngozi, eti tequila, na kabla ya magofu tukasimamishwa duka la fedha na mawe saa nzima na dakika kumi. Chakula bafe ya kawaida, soda unalipa kando, maji unalipa kando, na wacheza ngoma wakibeba chupa kichwani wanapitisha kikapu. Geti la Chichén Itzá tukaambiwa ada ya serikali ni juu yetu, cash, dola wanaipokea kwa rate yao wenyewe. Ndani tulipewa dakika 75 na hiyo 40 ilikuwa ni mwongozaji anatuambia vile wachezaji mpira walikuwa wanakatwa vichwa, nikatoka nikajua vichwa tu. Cenote dakika 35 pamoja na kubadilisha nguo na foleni ya shawa, sikulowa hata nywele.

Lakini wacha nikuwe mkweli, ule uwanja wa mpira ni kitu ya ajabu. Mita 168 kwa urefu, na pete ya jiwe iko juu sana kwa ukuta, mpira ni wa raba nzito na inasemekana walikuwa wanaupiga na kiuno. Mtoto wangu bado anajaribu kwa sitting room.

kipilipili

Sasa dada dola 79 kwa kichwa kwenda kuona shimo la maji? Nenda Jambiani pale Kuza, pango lina maji baridi matamu. Au Chemka, njia ya Boma Ng'ombe, kamba ya kurukia ipo na chipsi kuku nje. Mzungu akitupa jina la kigeni tunapanda ndege 😂

MwambaMgumu

@kipilipili Jina la cenote si la mzungu mkuu, ni la Wamaya wenyewe, ts'onot, Wahispania ndo walishindwa kulitamka. Na Chemka haifanani hata kidogo, ile ni chemchemi inabubujika juu ya ardhi. Kuza ndo ndugu yake, hapo nakupa, maana mawe yetu ya pwani na ya Yucatán ni jamii moja, chokaa iliyozaliwa baharini, mvua inaila taratibu mpaka linatoka pango, dari likichoka linaanguka, shimo hilo.

Ila ukubwa sasa. Yucatán kaskazini hakuna mto juu ya ardhi, hata mmoja, maji yote yanapita chini. Mwaka 2018 wapiga mbizi waliunganisha mapango mawili karibu na Tulum, Sac Actun na Dos Ojos, ikatoka njia ya maji ya kilomita 347 chini ya ardhi. Hapo Dar mpaka Tanga unafika. Na kuna kingine, kile kimondo cha miaka milioni 66 iliyopita kinachohusishwa na kufa kwa dinosaria kiliangukia hapohapo, Chicxulub, na ukiweka cenote kwenye ramani kuna mstari wake mmoja umejipinda nusu duara kufuata ukingo wa lile shimo lililofukiwa. Mtoto wa miaka 11 mwambie hilo, piramidi atalisahau.

Na ndo maana miji ile iko pale ilipo. Chichén Itzá maana yake mdomo wa kisima cha Waitza, kundi mojawapo la Wamaya. Bila cenote hakuna maji, bila maji hakuna mji.

BintiPangani

Asanteni sana jamani, Nyambura umenitisha kweli 😅 Nimeanza kuelekea kwa Mzee, kulala Valladolid. Ila mnisaidie: cenote gani mama anaweza hata kukaa tu akaangalia? Wanangu wanaogelea kidogo, mimi mwenyewe naogelea kiasi cha kutokufa. Na chakula, mama anaogopa nguruwe kwa macho na kwa harufu.

SharifaMrima

Dada hapo kwenye chakula nisikilize mie, nilikaa Mérida miezi minne kwa masomo na nililala na njaa wiki ya kwanza.

Ukisikia cochinita, kimbia, ndo nguruwe mwenyewe, anapakwa achiote, kiungo chao chekundu, na juisi ya machungwa makali anafukiwa shimoni kwenye majani ya mgomba. Kinanukia vizuri Mungu anisamehe. Sema pollo pibil, ni mapishi yaleyale kwa kuku. Maharage yao yale yamepondwa mara nyingi yana mafuta ya nguruwe, uliza "sin manteca". Sopa de lima ni supu ya kuku na ndimu, mama ataipenda, papadzules ni mayai ndani ya chapati ya mahindi na mchuzi wa mbegu za maboga. Kuchinja kihalali hiyo habari sahau, wengine tulikula samaki na mayai. Pilipili ya pale ni habanero, wanaiweka pembeni kwenye kibakuli, mtoto asidhani ni chachandu. Vinywaji mtajiona mko nyumbani: agua de tamarindo ni ukwaju, agua de jamaica ni choya ile nyekundu, horchata ni ya mchele na mdalasini.

Cenote: Ik Kil ndo wanayopeleka mabasi kwa kuwa iko karibu na Chichén Itzá, ni nzuri kama picha, mizizi inaning'inia kutoka juu mpaka majini, lakini kutoka ukingoni mpaka maji ni mita 26 na ngazi za mawe zimelowa, goti la mama lisijaribu. Suytun ile yenye jukwaa na mwanga unaoshuka kama taa, foleni ya picha, maji huyafaidi. X'kekén na Samulá ziko pamoja nje kidogo ya Valladolid, za ndani ya pango, giza kidogo, popo wapo, samaki wadogo wanakugusa miguu, mie nilizipenda kuliko zote (X'kekén maana yake nguruwe, mama usimwambie). Kwa ajili ya mama nenda Zací, iko mjini kabisa Valladolid, nusu iko wazi, na juu kuna mkahawa, yeye anakaa na ukwaju wake anawaona nyie huko chini.

Majaketi ya kuelea mnapewa au mnakodi, vaeni, maana kina ni kirefu palepale ukingoni hakuna pa kukanyaga. Maji ni nyuzi 24 au 25 hivi, yanashtua mwanzo. Shawa kwanza ni lazima, wanataka losheni ya jua na mafuta yatoke mwilini kwa sababu maji yale ndo wanayokunywa. Nywele ukisuka funga, ukipaka mafuta ya nazi watakurudisha shawani, mimi walinirudisha mara mbili.

Sasa la mama na wenyewe wa pango. Usimbishie hata kidogo, mwambie ana hoja na wenyeji wanasema hivyohivyo. Wamaya wana viumbe wadogo wanaoitwa alux, wanalinda mashamba na mapango, usipoomba ruhusa wanakusumbua. Hata Cancún chini ya daraja moja njia ya uwanja wa ndege wamejengewa kijinyumba chao. Cenote kadhaa kabla hujaingia mzee mmoja anakufukiza moshi, anasema maneno ya Kimaya, ndo unashuka. Na unajua wanafukiza nini? Copal. Ukinusa utajua mwenyewe, inafanana na sandarusi yetu, ile iliyokuwa inachimbwa Mrima inapelekwa Unguja kuuzwa Ulaya kutengenezea vanishi, na wafanyabiashara waliiita kopali kwa neno hilohilo la Mexico. Kwenye ile Cenote Sagrado ya Chichén Itzá (hiyo haiogwi, ni ya kuangalia) walipoanza kuopoa mwaka 1904 walitoa dhahabu, jade, mifupa ya watu na madonge ya copal. Mama yako wa Pangani hana ugeni pale, ila avae viatu visivyoteleza.

Chapa_Ilale

Mnamfundisha mtu mwenye watoto na mama mgonjwa abebe mabegi kwenye mabasi? Pakeji siyo dhambi. Mi nimeenda mara mbili na vigari vidogo vya watu 12, unalipa zaidi, lakini hawazunguki hoteli nane, na unawauliza maswali matatu tu kwa meseji kabla: ada ya kuingia imo? kuna duka njiani? geti tunafika saa ngapi saa za YUCATÁN? Akikujibu kwa kuzunguka, achana naye.

Na mimi na goti hilo nisingeenda Chichén Itzá kabisa. Ningeenda Cobá, magofu mengine ya Wamaya. Iko msituni, kivuli tupu, na kuna jamaa wanaendesha baiskeli za matairi matatu, mama anakaa mbele kama malkia anapelekwa mpaka piramidi la Nohoch Mul, mita 42, refu kuliko lile la Chichén. Watoto wanakodi baiskeli zao. Kutoka Tulum ni dakika 45. Tulum penyewe mnafika kwa colectivo kutoka Playa, hiace kama daladala, unasema unaposhuka, na konda hamna, unampa dereva mwenyewe.

Ila wauzaji ndani ya Chichén nao sijaona aliyewasema. Wana filimbi inanguruma kama chui, kila hatua kumi RRRRR. Ukinunua moja kwa mtoto, safari imekwisha.

Mzee_wa_Mchangani

@Chapa_Ilale Cobá sikatai, baiskeli nilizisahau. Lakini binti kasema Chichén ameitamani toka sekondari, atakwenda Cobá arudi Houston aendelee kuitamani?

BintiPangani

MREJESHO. Samahani kwa kuchelewa, nimerudi kazini ndo nimepata nafasi.

Tulilala Valladolid. Asubuhi nilipatana na dereva wa teksi atupeleke na kutusubiri, tukawa getini robo saa kabla hawajafungua, saa ya simu ya mwanangu ilikuwa bado Cancún akadhani tumechelewa akaanza kulalamika. Saa nzima ya kwanza uwanja ulikuwa karibu wetu. Mwongozaji tulichangia na familia ya Wachile waliokuwa nyuma yetu kwenye foleni, kijana mwenye lugha yao ya Kimaya, akatufundisha "bix a beel", habari yako, na "dios bo'otik", asante. Mama alizishika kabla yetu sote. Kichwa hakikukatwa hata kimoja, alituambia zaidi habari za nyota na mahindi, na alipotuonyesha ile ngazi inayopata kivuli chenye umbo la nyoka mwezi wa tatu na wa tisa mama akauliza kwa nini hatukuja mwezi wa tatu. Saa 4 na nusu mabasi yakaanza kumwaga watu, sisi tunatoka.

Filimbi ya chui tulinunua. Chapa_Ilale ulisema, sikusikia, sasa iko juu ya kabati.

Zací ilikuwa kama alivyosema Sharifa. Mama alikaa juu na ukwaju, watoto na mimi chini na majaketi, maji yanauma baridi. Nikitazama juu namwona ananipungia. Alafu baada ya nusu saa simwoni. Nikapanda mbio na maji yananichuruzika, nikamkuta nje kakaa chini na mama mmoja wa Kimaya mwenye nguo nyeupe imetariziwa maua, anauza copal. Mama anaongea Kiswahili, yule anaongea Kimaya, wanapatana bei kwa vidole na wote wawili wanacheka. Kashusha mpaka nusu. Mi kwa Kiingereza changu niliuziwa kofia bei ya ng'ombe.

Kesho yake kabla ya kuondoka akaomba arudi. Goti au si goti, alishuka pole pole na mwanangu mkubwa kamshika, akavua viatu, akatia miguu mpaka vifundoni. Alinong'ona kitu, sikumwuliza.

Swali lililobaki: hiyo copal alifunga kwenye kanga akaweka katikati ya nguo zangu. Sanduku zima linanuka, nimefua mara mbili, kazini wananiuliza natumia perfume gani. Inatokaje?

SharifaMrima

Haitoki. Anika juani siku tatu, na wakikuuliza waambie ni udi wa Mexico.